Karabai wa Chumba cha Eda

Siku mume wetu alipozikwa ndiyo siku niliyomwona mke mwenzangu kwa karibu kwa mara ya kwanza. Kabla ya hapo nilikuwa nasema "mume wangu," na yeye kule Songo Songo bila shaka alisema hivyo hivyo. Mume wetu alikuwa dereva wa lori. Alibeba ufuta, alibeba korosho, kila zao kwa msimu wake, na maisha yake aliyagawa kwa utaratibu ambao sisi wawili hatukuulizwa. Mimi aliniweka Kivinje, kwenye nyumba aliyoijenga mwenyewe. Mwenzangu alibaki kisiwani, kwenye nyumba ya mama yake. Homa ilimkuta akiwa kwangu, ikamlaza siku chache, ikamchukua. Mwenzangu alifika na boti ya mchana, nguo zimelowa hadi magotini, watu wakiwa wamesharudi kutoka makaburini.

Nilidhani baada ya hitima atarudi kwao akakae eda huko. Yeye pia alidhani hivyo. Lakini wifi yetu, dada wa marehemu aliyekuja msibani kutoka Lindi, alisimama mlangoni akasema nyumba ya kaka yake ni moja, hii, na wajane wake watakaa eda humu, wote wawili, mahali anapowaona.

"Mimi nina kwangu, wifi," mwenzangu alisema.

"Kwako ni kwa mama yako. Kwa mume wako ni hapa."

Hakuna aliyebisha. Msibani mwenye sauti ndiye anayesikilizwa, na sisi sauti zetu zilikuwa zimekauka kwa kulia.

Tukapewa chumba kimoja, kile cha upande wa barabara, ambacho ndicho kilikuwa chumba changu. Kitanda nilimwachia mwenzangu kwa sababu ndiye mkubwa. Alikitazama kwa muda, akabana mto kwapani, akatandika mkeka sakafuni. Baada ya hapo nami sikuweza kukipanda. Tukawa tunalala chini wote, yeye upande wake na mimi upande wangu, kitanda cha marehemu kimebaki katikati yetu, kimetandikwa vizuri.

Wifi alikuwa mkali wa mambo ya eda kuliko masheikh wenyewe. Manukato hakuna, wanja hakuna, hina hakuna, nguo yenye rangi ya kuita macho hakuna. Hayo tuliyajua na tuliyakubali. Lakini yeye aliongeza na yake. Dirisha la barabarani alilipigilia ubao kwa ndani, ili wapita njia wasituone. Simu zetu alizichukua akazitia kwenye mkoba wake, ili tusipigiwe na watu wa ovyo. Cherehani yangu, maana mimi ni fundi wa nguo, aliitoa sebuleni akaifunika shuka, kwa kuwa vitambaa vilivyokuwa vinasubiri vilikuwa vya harusi ya watu. Uani tuliruhusiwa kwenda kuoga na kurudi. Akisikia tumechelewa, anakohoa.

Mimi ni mtoto wa milimani, wa huko ndani wanakolima mhogo na mpunga, na nyumbani kwetu tulisema Kimatumbi. Nilizoea kutoka alfajiri, jembe begani, na nisionwe tena mpaka jioni. Hata baada ya kuolewa pwani, kila mchana nilitafuta sababu ya kwenda mahali: uzi umekwisha, sindano imevunjika, kuna mteja hajachukua gauni lake. Sasa nilikaa nimeegemea ukuta nikisikiliza barabara. Bodaboda zinapita. Watoto wanatoka shule. Muuza mikate anaita kwa honi yake, anafika mbele ya dirisha letu, anapita. Kuna mwanamke alikuwa na sandali zinazolia kila akikanyaga, nikamjua kwa sandali zake, anapoelekea sokoni na anaporudi, na sura yake sikuijua. Kuna mara nilisimama katikati ya chumba na kuvuta pumzi kwa mdomo kama mtu aliyezama, mwenzangu ananitazama.

Kwa kweli hatukuwa tunasemeshana. Tulisalimiana asubuhi. "Shikamoo, dada." "Marahaba." Tukapokezana ndoo, tukapokezana msahafu, basi. Kila mmoja alikuwa anamtafuta marehemu kwenye uso wa mwenzake na hapendi alichokiona.

Bati la chumba kile lilikuwa na tundu la msumari. Jua likipanda, mwanga uliingia kwenye lile tundu, ukaangukia ukutani ukawa doa la duara. Doa lile lilishuka taratibu sana, likafika sakafuni, likavuka mkeka wa mwenzangu, likapanda kitanda, likapotea alasiri. Kwa kuwa chumba kilikuwa giza mchana kutwa, hatukuwa na kingine cha kutazama. Tulilitazama bila kuambiana.

Mchana mmoja, joto limetulaza chali, nikamsikia anasema, "Huyoo. Anakwenda zake."

"Nani, dada?"

"Samaki."

Nikageuza shingo. Nilidhani majonzi yamempanda kichwani. Lakini uso wake ulikuwa mtulivu, na kidole chake kilikuwa kinalifuata lile doa.

"Samaki gani?"

Akafikiri. "Karabai," akasema.

Karabai ni ile taa ya kupampu ambayo wavuvi wa dagaa walikuwa wakiiwasha baharini kabla ya hizi taa za sola. Baba yake alikuwa nayo. Nikamuuliza huyo samaki karabai anaishi bahari gani, maana mimi bahari sikuijua vizuri, na nilikuwa namuuliza kwa kweli.

"Si bahari hii. Huko."

"Huko wapi?"

"Huko tu."

Basi nchi yenyewe tukaiita Huko. Mwanzo ulikuwa mdogo namna hiyo. Kesho yake doa lilipotokea ukutani nilikuwa nimeshaamka na swali. Nikamuuliza kwa nini samaki atoe nuru, ana shida gani. Akasema kwa sababu Huko hakuna jua wala mwezi. Nikauliza watu wanaona vipi. Akasema wanaona kwa karabai, ndiyo kazi yao. Nikauliza, sasa watu wako nchi kavu na samaki wako majini, nuru inawafikiaje? Hapo akanigeuzia mgongo, nikadhani nimemchosha. Kumbe anatengeneza. Akasema Huko bahari haiko chini kama yetu. Iko juu ya vichwa vya watu, imetanda kama dari, na haimwagiki. Karabai wanapita humo kwa makundi. Kundi likitokea upande mmoja, watu wanasema kumekucha. Likivuka na kuishia upande wa pili, wanasema kumekuchwa, wanalala.

Tangu hapo siku zikawa na kitu ndani yake. Tulimjenga yule samaki kidogo kidogo, na mwenzangu hakukubali upuuzi. Mimi nilitaka karabai awe anakula maneno ya watu. Akakataa. "Samaki hali maneno, mdogo wangu. Samaki anakula kitu." Kwa hiyo karabai wakala chakula. Watu wa Huko huwarushia juu makombo, na nuru hutegemea walichokula. Wakila mhogo, mchana unakuwa mweupe. Wakila embe, unakuwa wa manjano. Mwaka wa njaa watu wanapokula wenyewe na kuwasahau, kunakuwa na ukungu mchana kutwa, watu wanagongana njiani. Nilisema magamba yao ni laini kama hariri. Akasema magamba ni magamba, na karabai akifa ananuka kama samaki yeyote, na miiba anayo. Lakini alikubali kwamba mwiba wake hubaki unang'aa, na kwamba wanawake wa Huko huutumia kama sindano ya kushonea gizani. Hilo lilikuwa langu. Alilipenda.

Jambo moja tulilibishania mpaka tukanuniana. Nilimuuliza, ukimkamata karabai ukamtia ndani ya mtungi, uwe na nuru yako mwenyewe nyumbani, inakuwaje? Nilikuwa na jibu langu: anang'aa zaidi, kwa hasira, mpaka mtungi unapasuka. Yeye akasema hapana. Karabai akifungiwa hapasui kitu. Nuru yake inageukia ndani, unaona miiba yake yote, halafu siku moja anaacha kung'aa, na hata ukimrudisha dari kule anaogelea tu na wenzake, giza.

"Mbaya hiyo, dada. Ibadilishe."

"Siibadilishi. Ndivyo alivyo."

"Basi asikamatwe."

"Hujauliza asikamatwe. Umeuliza akikamatwa."

Nikageukia ukuta. Hatukusema mpaka siku ya pili, doa lilipomfika mguuni akasema karabai anamtekenya, na nikacheka. Nilicheka kicheko chenyewe, kile cha kushika mbavu, naye akacheka kwa kuniona mimi. Tulibanana midomo kwa kanga. Mlangoni wifi akakohoa.

Nadhani alikuwa ameanza kutega sikio kabla ya hapo. Jiweke mahali pake. Wajane wawili, ndani ya chumba kilichofungwa, na unasikia mmoja anasema, "Leo amewahi." Mwingine anasema, "Mwache aingie, ana njaa." Halafu kicheko. Wifi aliona mambo mawili tu yanawezekana, ama mwanamume ama jini, na mwanamume angemwona.

Alasiri moja akamleta ustadhi wa mtaa, mzee wa sauti ya taratibu. Tukavuta pazia, tukakaa nyuma yake tumejifunika.

"Assalamu alaikum."

"Waalaikumu salaam. Shikamoo, ustadhi."

"Marahaba, wanangu. Poleni na msiba. Nimeambiwa kuna anayewatembelea humu ndani."

Mwenzangu akajibu kama anaulizwa bei ya pweza. "Yupo, ustadhi. Ni samaki."

"Samaki," akarudia ustadhi.

"Wa kutunga, ustadhi. Tunapitisha mchana."

"Mnamwomba haja zenu?"

"Hapana. Yeye ndiye anayeomba makombo."

Nilimsikia ustadhi akikohoa, na kile kikohozi kilikuwa na kitu kingine ndani yake. Akataka aelezwe. Mwenzangu akamweleza: nchi isiyo na jua, bahari ya juu, makundi yanayovuka. Wifi alikuwa anatembea sebuleni, nyayo zake zinasikika. Mzee akasikiliza hadi mwisho, kisha akauliza, "Sasa huko kwenu, kama hakuna jua, watu wanajuaje wakati wa sala?"

Tukatazamana. Hatukuwa tumelifikiria. Nikajikuta najibu mimi. "Wanatazama karabai, ustadhi. Wakiwa juu ya vichwa, ni adhuhuri."

"Na wakichelewa kupita?"

"Wanangoja."

"La, wasingoje," akasema ustadhi. "Wakadirie. Waswali kwa kukadiria."

Halafu akasoma dua, ndefu ya kutosha kumridhisha aliyemwita, na alipokuwa anatoka nikamsikia anamwambia wifi kwamba hadithi si haramu, ila vicheko visifike barabarani. Akaongeza kwamba huo ubao dirishani unawanyima hewa. Wifi akasema ndiyo ustadhi, ndiyo ustadhi. Ubao haukutoka.

Kipindi hicho nilikuwa nashinda na kichefuchefu na kizunguzungu, na nilikuwa najiambia ni majonzi na joto. Mwenzangu ndiye aliyeniambia. Nilikuwa nimerudi kutoka uani kutapika, nimekaa kwenye mkeka, akanitazama kifuani na shingoni kwa utaratibu.

"Mdogo wangu, hiyo si huzuni."

Nikamwelewa papo hapo, nikaanza kuhesabu kichwani, na hesabu ikakubali. Marehemu alikuwa ameniacha na mimba na mimi mwenyewe sijui.

Eda ya mjane ni miezi minne na siku kumi. Ya mjane mwenye mimba haihesabiwi hivyo. Ni mpaka ajifungue. Watu waliniletea pongezi mlangoni, wifi alilia kwa furaha kwamba kaka yake ameacha kizazi, na mimi nilikuwa nimekaa natazama ubao wa dirisha. Nilikuwa nimeishi kwa kuihesabu ile siku ya kutoka. Sasa siku yangu ilikuwa imeondolewa ikapelekwa mbali, na hakuna niliyeweza kumlaumu, maana aliyeipeleka alikuwa ndani ya tumbo langu.

Mwenzangu hakujaliwa mtoto. Alizaa mara mbili na mara zote mbili alizika. Niliyajua hayo kwa marehemu, si kwake. Siku hiyo alilala ameupa uso ukuta tangu adhuhuri, na doa lilipita mgongoni mwake, likapanda kitanda, likapotea. Kesho yake nilipofungua macho alikuwa ameketi ananingojea.

"Sijakwambia karabai anavyozaa," akasema.

"Hujaniambia."

"Mayai anayabeba mdomoni. Hafumbui mdomo mpaka yaanguliwe, akifumbua yatamtoka. Kwa hiyo hali. Na akikosa kula nuru yake inashuka. Ukitazama juu ukaona karabai wa kufifia, usiseme ni mgonjwa. Wenzake wanajua. Wanamweka katikati ya kundi ili asigongwe."

Nililia, na yeye aliniacha nilie. Baadaye alinisogezea mkeka wake. Kile kitanda tulikisukuma ukutani siku ile ile, tukalala sako kwa bako.

Siku yake ya kutoka ilifika. Alioga, akavaa gauni safi alilotumiwa na mama yake, wifi akampa simu yake na akampa mkono. Alirudi chumbani kuniaga. Nilitaka aseme kwamba atabaki mpaka na mimi nitoke. Sikumwomba, na yeye hakusema. Alikuwa ananusa upepo hata akiwa amesimama mle ndani. Nilimwelewa, na kumwelewa kwangu hakukunisaidia kitu.

"Nitakutumia salamu," akasema.

"Simu yangu iko kwa wifi."

"Hata hivyo nitakutumia."

Nikazisikia nyayo zake barabarani, kisha bodaboda, kisha nikawa peke yangu.

Sitaki kusema sana juu ya wiki zilizofuata. Masika yalikuwa yameanza, mawingu yalikuwa yanakaa kutwa, na doa likawa halitokei. Likitokea, nililitazama nikaona ni tundu la msumari. Nilijaribu kumtunga karabai mwenyewe. Nikauliza swali, na hapakuwa na wa kunikatalia, kwa hiyo kila jibu lilikuwa sawa na jibu lingine. Nikaacha. Nilikuwa natoka kwenda kliniki tu, nimefunikwa gubigubi, wifi amenishika mkono kwenye bajaji, macho yangu chini. Niliporudi nilikuwa nakaa pale pale mguu wa kitanda ulipokuwa umeacha alama sakafuni, mikono juu ya tumbo. Mtoto alianza kucheza. Nilimwonea huruma, kwamba yuko ndani, mahali pa giza, ndani ya mtu aliye ndani. Na kuhusu mwenzangu nilijiambia amefika kwao, amesahau, na kwa nini asisahau.

Alasiri moja wifi akaingia, akarudishia mlango nyuma yake. Hakuwahi kufanya hivyo. Akakaa kwenye ukingo wa kitanda, kanga amejifunga vibaya, ameshika kitu ndani yake.

"Nataka kukuuliza jambo, na usinicheke."

"Uliza, wifi."

"Hawa karabai wenye mayai mdomoni. Wakishawatema, wanawatambuaje watoto wao, na kundi lote linang'aa?"

Niliinuka nikakaa. "Wifi, hayo umeyasikia wapi?"

Akaitoa simu yangu kwenye kanga, akaiweka juu ya shuka.

"Anatuma karibu kila siku," akasema, "anarekodi sauti. Mwanzo nilifungua nijue anatusema nini. Nikakuta ni yale yale ya samaki. Nikasema upuuzi. Halafu akafika pale yule mwenye mayai amepotezana na wenzake, akasema itaendelea kesho. Basi nikasubiri kesho."

Nilimtukana. Sikuwahi kumtukana mkubwa wangu maishani, na siku hiyo nilisema maneno ambayo hata sikujua ninayo. Nilimwambia amenifukia hai. Nilimwambia atoke. Alitoka, na simu akaiacha.

Nilizisikiliza zote. Nyuma ya sauti yake kulikuwa na upepo, na watu wanaitana ufukweni, na mara moja honi ya mtambo wa gesi wa pale kisiwani. Alikuwa anaanza kila ujumbe kwa namna ile ile: "Mdogo wangu, sijui kama unanisikia." Halafu anaingia Huko moja kwa moja. Mle ndani mwenye mayai alikuwa amepotea kwenye upande wa bahari ya juu ambako chini yake hakuna watu, kwa hiyo hakuna makombo, na alikuwa anakwenda amefumba mdomo, amebakiwa na nuru ndogo kama ya kijinga cha moto. Hajafika popote. Kwenye ujumbe wa mwisho mwenzangu alikuwa amechoka, akasema tu, "Bado anakwenda."

Kesho yake wifi alikuja akakaa kizingitini, hakuvuka. Nilikuwa bado nina hasira, lakini nilikuwa nimeshamjibu mwenzangu, nimemsikia akilia kwa furaha kwenye simu, na hasira ilikuwa imepungua makali. Nikamuuliza kitu ambacho sikuwahi kukifikiria.

"Wifi, wewe kwako Lindi hawakuhitaji? Miezi yote hii?"

Alikuwa anachambua mchele kwenye ungo. Aliendelea kuchambua. "Kwangu kuna mke mwingine," akasema. "Ameingizwa mimi nikiwa huku msibani. Nimeambiwa na majirani." Akapuliza pumba. "Watu wakiniuliza kwa nini sirudi, nasema nasimamia eda ya wake wa kaka yangu. Eda ya mwenzako ilipoisha sikulala. Ulipopata mimba nilishukuru mara mbili. Nilikuwa naomba uchelewe."

Nikasogea kwenye mkeka, akaingia na ungo wake.

Wifi alikuwa mtu mwingine kabisa kwa karabai. Yeye alitaka kujua kama wanaliwa. Nikamwambia hapana, ndio mchana wa watu, mtu hali mchana wake. Akasema samaki ni samaki, na kwamba wale wazee wanaoanguka wenyewe kutoka juu lazima kuna mwanamke aliyewahi kumwokota mmoja akamtia nazi. Nikamuuliza ladha yake. Akafumba macho. Akasema kama nguru, ila unapomaliza kula meno yanabaki yanang'aa, kwa hiyo mwizi wa karabai hawezi kuficha: inambidi anune mpaka nuru iishe. Tukamrekodia mwenzangu hilo. Alirudisha kicheko kirefu, kisha akasema kwa ukali kwamba jambo hilo halimo, kisha baada ya muda akatuma tena: "Lakini ni wa nazi tu. Wasimkaange."

Nilipata uchungu asubuhi, mvua inanyesha. Wifi alinipeleka hospitali kwa bajaji na alikuwa anaomba dua kwa sauti hadi dereva akaitikia amina. Sikumbuki mengi ya chumba kile, ila dirisha kubwa lililofunguliwa na mvua inarushia matone hadi mguuni mwangu, na mkunga akataka kulifunga, na mimi nikasema, katikati ya uchungu, "Tafadhali, liache." Mtoto alikuja mchana. Wa kike. Nikamsikia wifi huko koridoni akiwaambia watu asiowajua, "Eda imekwisha! Wifi yangu ametoka eda!"

Mkunga alikuwa ananifunika shuka. "Hongera," akasema. "Sasa ukapumzike ndani arobaini yako."

Nikacheka mpaka nikaumia.

Mwenzangu alikuja siku iliyofuata, nimesharudi nyumbani, na pweza wakavu kwenye kikapu na mafuta ya nazi ya kumkandia mtoto. Alimchukua mikononi mwangu akamtazama kwa muda mrefu, akamgeuza huku na huku, akamnusa. Hakusema chochote cha Huko. Alisema, "Ana masikio ya baba yake." Halafu akaenda uani kumwambia wifi kwamba maji ya kuoga mzazi hayachemshwi vile. Arobaini nzima walikuwa wanagombana huko nje, kwa maji, kwa uji wa pilipili manga, kwa namna ya kumfunga mtoto, na baadaye, nikasikia kwa masikio yangu, kwa habari ya yule mwenye mayai, kama alifika au hakufika. Mwenzangu alisema alifika. Wifi alisema kama alifika, mbona hajaambiwa alifikaje. Hawakuniuliza mimi. Mtoto alikuwa ananyonya, na mimi nilikuwa nasinzia. Ukweli ni kwamba sikutaka tena samaki yeyote. Nilitaka barabara.

Wifi alirudi Lindi baada ya hapo, ila hakurudi kwa mumewe. Alipanga chumba karibu na soko, na huwa anatutembelea na kukaa kuliko alivyosema. Mwenzangu anakwenda na kurudi kati yetu na kisiwa, na mtoto anamwita mama mkubwa.

Lakini asubuhi ile arobaini ilipokwisha, kabla wifi hajaondoka, mwenzangu akanituma chumvi. Duka liko nyumba ya tatu kutoka kwetu. Nilivaa viatu, nikamwachia mtoto, nikatoka. Nilipofika dukani muuzaji alikuwa anahudumia watu, nikapita. Kulikuwa na duka jingine mbele, nikalipita na lile. Nikapita msikiti, nikapita mafundi wa baiskeli, nikapita hadi nyumba zikaanza kuachana na mikorosho ikaanza, miguu inauma kwa kukosa mazoea, maziwa yamelowesha gauni langu kifuani, na sikuwa nimefika mahali popote pa maana. Kuna mama alikuwa anauza mihogo kando ya njia. Nikamuuliza kama ana chumvi.

"Chumvi hapa?" akasema. "Umetoka wapi, mwanangu?"

"Hapo tu," nikasema, nikakaa kidogo kwenye kigogo chake.